Moyo wa Mkonge

Soko la Tlacolula ni la Jumapili. Siku nyingine sita mji huu, ulio kilomita kama 30 kutoka jiji la Oaxaca, kusini mwa Meksiko, unajiendea kimyakimya: shule, benki, kituo cha mabasi, kanisa. Jumapili mitaa inafunikwa maturubai, na watu wanashuka kutoka vijiji vya bonde zima na mabatamzinga waliofungwa miguu, vikapu vya pilipili kavu, mahindi ya manjano, mekundu na meusi, na mafungu ya maua. Huko soko la namna hii huitwa tianguis, neno la Kinahuatl, lugha ya Waazteki. Neno hilo lilikuwapo kabla Wahispania hawajafika, na watu walikuwa wakikutana hivi kuuziana vitu kabla yao pia.

Nilikuwa Oaxaca kwa mkutano wa kikazi. Mkutano uliisha Ijumaa, ndege yangu ilikuwa Jumatatu, na katikati nikanunua nafasi kwenye ziara ya soko. Ziara ilikuwa na sehemu mbili: asubuhi soko, mchana kuonja meskali, pombe kali ya nchi ile. Mimi si mnywaji. Nililipa kwa ajili ya asubuhi.

Tulikuwa wageni sita na mwongozaji mmoja, mwanamke wa makamo aliyezaliwa kijiji cha jirani. Kwetu alizungumza Kiingereza, kwa wauzaji Kizapoteki, na kwa polisi wa barabarani Kihispania. Alitupa sharti moja tu: "Kwanza tunakula, halafu tunauliza, mwisho tunakunywa. Asiyekula hanywi."

Tukala. Panzi waliokaangwa kwa kitunguu saumu, ndimu na chumvi, wanauzwa kwa vipimo vya kikombe; nilipowatia mdomoni nilimkumbuka rafiki yangu wa Bukoba na senene zake, ila hawa ni wachachu zaidi. Nyama ya mbuzi iliyopikwa shimoni, yenye mchuzi mwekundu. Nyama nyingine unainunua mbichi na kuichoma mwenyewe kwenye majiko ya mkaa katika ukumbi mmoja wenye moshi hadi macho yanatoka machozi. Wanawake wenye aproni za mirabaraba walikuwa wanachota tejate, kinywaji cha mahindi na kakao chenye povu jeupe juu, na kukimimina katika vikombe vya kibuyu vilivyopakwa rangi. Palikuwa na chokaa ya kulowekea mahindi, mawe ya kusagia, ubani, kamba.

Mbele ya meza moja mwongozaji alisimama. Bibi mmoja mzee alikuwa ametandaza vipande vya kitu cha kahawia, chenye unyevu, kama viazi vitamu vilivyookwa vikaungua kidogo. Alinikatia kipande. "Tafuna," mwongozaji alisema, "usimeze."

Kilikuwa kitamu. Utamu wa sukari guru, na moshi nyuma yake. Nilitafuna kama mtu anavyotafuna muwa, na utamu ulipokwisha nikatema mabaki kiganjani. Nilibaki na kifundo cha nyuzi, nyeupe kiasi, ngumu, zilizonyooka.

Nyuzi hizo nazijua tangu utoto. Nimelala juu ya godoro lililojazwa nyuzi za namna hiyo, nimefunga mbuzi kwa kamba yake, nimeona mitaro mizima imejaa takataka zake. Nilimwuliza ni nini. "Ni maguey," alisema, "moyo wa agave uliookwa. Ndio unaotoa meskali." Agave ni jina la wataalamu la ukoo mzima wa mimea hii. Mmoja wa ukoo huo ni Agave sisalana, na sisi tunamwita mkonge.

Kwa msomaji ambaye hakukulia Tanga, nieleze kidogo. Mkonge si mmea wa kwetu. Jina lake la kizungu, sisal, ni jina la bandari ya Sisal katika rasi ya Yucatán, Meksiko, ambako nyuzi zilisafirishwa zamani. Katika miaka ya 1830 Mmarekani Henry Perrine, aliyekuwa balozi mdogo huko Campeche, alipeleka miche Florida. Mwaka 1893 Mjerumani Richard Hindorf, mtaalamu wa kilimo, aliagiza miche 1,000 kutoka Florida kwa ajili ya Afrika Mashariki ya Kijerumani. Ilipita Hamburg, ikasafiri baharini wiki nyingi, na iliyofika Tanga ikiwa hai ilikuwa 62. Ikapandwa Kikogwe, karibu na Pangani. Kutokana na miche hiyo mashamba yakaenea hadi Korogwe, Muheza, Kilosa na kwingineko. Kufikia mwaka 1964 Tanganyika ilikuwa inatoa tani zipatazo 230,000 za katani kwa mwaka, na hakuna nchi duniani iliyotoa zaidi.

Mikono iliyoikata ilitoka mbali pia. Babu yangu alizaliwa Buha, karibu na Kasulu. Mwaka 1954 aliandikishwa, akasafirishwa kwa treni na lori hadi shamba moja la Korogwe. Waliitwa manamba kwa sababu kila mmoja alipewa namba, na asubuhi iliyoitwa ni namba. Kazi ilikuwa kukata majani ya chini ya mmea, kuondoa mwiba wa ncha, kufunga matita ya majani 30 na kuyapanga kando ya reli ndogo ya shamba ili yapelekwe korona. Kizazi chetu kikisikia korona kinawaza barakoa. Tanga ni mtambo wa kuchambua katani. Siku 30 za kazi zikijaa kwenye kipande, ndipo unalipwa. Mwaka 1961 mwiba ulimtoboa babu jicho la kushoto. Wakamhamishia kwenye kuanika katani, kazi ya mshahara mdogo zaidi.

Na siku kipande kilipojaa, babu alikunywa. Gongo ilipikwa nyuma ya kambi, na mshahara wa mwezi ungeweza kuishia huko kabla jua halijazama. Mama yangu alikuwa mtoto aliyetumwa kumtafuta. Alipokuwa na nyumba yake aliweka sheria moja isiyojadiliwa: pombe haivuki mlango huu. Ndiyo maana nasema mimi si mnywaji. Sikuwahi kuamua, niliamuliwa, na sikuona sababu ya kupinga.

Mchana gari lilitupeleka Santiago Matatlán, mji unaojiita makao makuu ya meskali duniani. Njiani vilima vyote vilikuwa vimepandwa espadín, aina ya agave inayotoa sehemu kubwa ya meskali. Mistari iliyonyooka, majani kama mapanga, rangi ya kijani yenye kijivu, udongo mwekundu katikati. Niliegemea kioo. Ungenifumba macho Dar es Salaam na kunifumbulia pale, ningesema tumefika Korogwe.

Kiwanda kilikuwa ua wa familia moja. Mzee mwenye ua, ambaye wote walimwita maestro, yaani fundi mkuu, alituonyesha kila hatua kwa mkono kuliko kwa maneno. Agave ya espadín husubiriwa miaka saba, minane. Inapotaka kutoa mlingoti wa maua, mlingoti hukatwa, na sukari ambayo ingeliwa na maua hubaki moyoni. Majani yote hukatwa na kuachwa shambani. Kinachobaki ni donge kubwa linaloitwa nanasi, kwa kuwa linafanana nalo, na huwa na uzito wa makumi ya kilo. Madonge hayo hupangwa katika shimo lenye mawe yaliyopashwa moto kwa kuni, yakafunikwa udongo, yakaokwa kwa siku kadhaa. Moshi wa meskali hutoka humo. Kisha farasi huzungusha jiwe la mviringo juu yake mpaka yapondeke, yanatiwa kwenye mapipa ya mbao na maji, yanachacha bila hamira ya dukani, na mwishoni yanakenekwa mara mbili.

Nilimwuliza maestro anajuaje kwamba pombe imefikia ukali unaotakiwa. Alichukua kipande cha mwanzi, akafyonza meskali, akaiachia itiririke ndani ya kikombe cha kibuyu. Juu yake vikatokea viputo vidogo kama lulu, vikakaa. Viputo vikipasuka haraka, ukali umepungua au umezidi. Vikikaa, imekaa sawa. Hakuwa na kipimo kingine mkononi.

Alijaza vikombe vidogo saba. Kabla ya kugawa, alimwaga matone machache chini, kwa ardhi. Hakuna aliyehitaji kunifafanulia hilo. Babu alifanya vilevile, hata siku alizokunywa vibaya; mama amenisimulia.

Nilikishika kikombe. Mwongozaji aliona sijakiinua, akasema halazimishwi mtu. Nilimweleza kwa ufupi: babu, mkonge, jicho, gongo. Hakunipa pole. Alimtafsiria mzee, na mzee akaniuliza swali moja: "Moyo wake ulikuwa na ladha gani?"

Nikamwambia sijui. Kwetu hakuna aliyeuonja. Mkonge ulikuwa majani tu, na katika kila jani nyuzi ni karibu asilimia 4. Yaliyobaki yalikuwa uchafu wa korona. Mmea ukishatoa mlingoti hung'olewa. Nyumbani ujuzi wa mkonge ulikuwa wa mwiba na wa hesabu: matita mangapi, siku ngapi, shilingi ngapi. Mzee yule aliweza kusimama mbele ya agave ya porini na kukadiria umri wake, na akatwambia aina moja, tepeztate, huchukua hata miaka 25 kukomaa. Babu aliishi na mmea huo miaka 40, na hakuna aliyewahi kumwuliza juu yake kitu kisichohesabika.

Nikanywa. Tone moja, halafu moja. Wenyewe husema meskali hunywewa kwa busu. Iliunguza, ikatulia, ikaacha moshi na kitu kama udongo baada ya mvua. Sikujisikia nimemsaliti mama, wala sikujisikia nimesamehe chochote. Nilielewa tu kwamba pombe iliyokunywa mshahara wa babu na pombe iliyokuwa kwenye kikombe changu hazikutofautiana kwa ukali. Hii ilinywewa mchana, mezani, baada ya kula, mbele ya watoto wa nyumba, na aliyeipika anaheshimika kijijini. Ile ilinywewa gizani, tumbo tupu, na watu walioitwa kwa namba, na waliyoipika walikuwa wanawake waliokimbia polisi.

Sisemi kwamba Matatlán ni peponi. Tulipotoka mwongozaji alituonyesha vilima tena, safari hii kwa sauti nyingine. Tangu mwaka 1994 jina la meskali linalindwa kisheria, na tangu hapo wanunuzi wa nje, hasa Marekani, wameongezeka sana. Bei ya agave iliwahi kupanda, na kuna watu waliokata mimea michanga. Misitu inasafishwa ipandwe espadín, kuni zinazidi kuwa adimu, na aina za porini zinatafutwa mbali zaidi kila mwaka. Popo wanaochavusha maua ya agave wanakosa maua, kwa sababu milingoti hukatwa. "Naogopa," alisema, "mmea wetu usigeuke shamba." Kisha akanigeukia. "Ninyi mmeshapitia. Ulipoisha, mlibaki na nini?"

Ningeweza kumjibu kwa historia: nyuzi za viwandani zitokanazo na mafuta, bei kuanguka, mashamba kutaifishwa mwaka 1967, kambi kubomoka. Lakini hakuuliza hilo. Nilimwambia tulibaki na watu. Babu Muha alimwoa bibi Msambaa, jirani yao alikuwa Mmakonde, mwingine Mbena, na watoto wao wakakua na lugha moja ambayo haikuwa ya mzazi yeyote. Mama yangu hajui Kiha. Kiswahili chake, na hiki ninachokuandikia, kilitoka kambini. Ila sikumwambia kwamba hilo lilitosha. Aliandika kitu kwenye simu yake, akaifunga.

Saa tatu usiku, Korogwe kukiwa saa kumi na mbili asubuhi ya Jumatatu, nilimpigia mama. Nilimweleza yote kwa mpangilio, kikombe nacho. Alinyamaza muda mrefu kiasi cha kunifanya niangalie kama mtandao umekata.

"Ulilewa?"

"Hapana, mama."

"Haya." Akanyamaza tena. Nikasikia kuku wake, na mlango wa uani ukifunguliwa. "Hao watu, umesema wanachukua moyo. Na majani wanayafanyia nini?"

"Wanayakata, wanayaacha shambani."

"Wanayaacha?"

"Wanayaacha, mama."

Alicheka. Alicheka hadi akakohoa, na alipopata pumzi akamwita mdogo wangu aje asikie kwamba ng'ambo huko kuna watu wanatupa majani.