Handaki Linaloishia Sebuleni

Dada yangu yuko Dubai mwaka wa nne sasa. Kule simu za WhatsApp hazipiti. Ujumbe unakwenda, sauti hapana. Ndiyo maana wengi wetu wenye ndugu Ghuba tulilizoea neno VPN kabla hatujajua ni dude gani. Zile za bure nilizikataa mapema. Handaki lina mdomo wa pili, na aliyekaa pale anaona unakoelekea. Sasa huyo wa bure anakula nini?

Basi nikaweka WireGuard hapa hapa nyumbani, Tanga, kwenye kompyuta ndogo nyuma ya runinga. Nikalipia anwani ya kudumu ya intaneti, nikatengeneza funguo, kila mmoja herufi 44. Mazungumzo ya dada yanafungwa kwenye simu yake, yanavuka bahari, yanafunguliwa sebuleni kwetu, ndipo yanaingia mtandaoni. Kampuni ya simu ya kule inaona kitu kimoja tu: anawasiliana na Tanga. (Umeme ukikatika Tanga, Dubai nako kimya.)

Si mchezo, lakini. Sheria ya kule ya 2021 inamtoza anayeficha anwani yake ya mtandao ili atende kosa faini inayoanzia dirhamu 500,000. Kumpigia mama simu kunaangukia wapi hapo? Nilimuuliza dada. Akasema, "Mdogo wangu, we weka tu."

Ila mdomo wa pili wa handaki sasa ni mimi. Yaliyomo siyaoni, maana tovuti nyingi siku hizi zina kufuli lao wenyewe. Majina ya tovuti, saa anayolala, usiku asiolala, hayo nikitaka nayaona.

Wiki ya pili tu mama akaniita jikoni. Alikuwa anakuna nazi. "Mwanangu, hebu niangalizie. Dada yako ana amani huko? Usiku anatafuta nini?"

Haukuwa umbea. Dada akiulizwa husema "salama" hata akiwa na machozi, na mama anaijua salama hiyo.

Nikamwambia mashine haitunzi kumbukumbu. Ni kweli, nilizizima mwenyewe siku ya kwanza. Mama akasimamisha mkono juu ya mbuzi.

"Si unaweza kuziwasha?"

Naweza. Ni amri moja.

Usiku dada alipopiga, nikampa mama simu, nikatoka barazani.