Nitazame Machoni: Barbara Macdonald na Jina la Mwanamke Mzee

Mhakiki wa fasihi huzoea kuuliza ni nani asemaye katika kazi ya sanaa. Ni mara chache huuliza ni nani anayesemewa ilhali yupo papo hapo. Swali hili la pili ndilo lililonivuta kwa Barbara Macdonald (1913–2000), Mmarekani aliyepigania haki za wanawake wazee, hasa wale wapendao wanawake wenzao.

Mwaka 1978, akiwa na umri wa miaka 65, Macdonald alishiriki maandamano ya usiku mjini Boston ya kupinga ukatili dhidi ya wanawake. Msimamizi mmoja alihofia kwamba hangeumudu mwendo wa wenzake. Hakumwuliza mwenyewe, alimwendea mwenzi wake, Cynthia Rich, aliyekuwa mdogo kwake kwa takriban miaka 20. Tukio hilo limo katika Look Me in the Eye, kitabu walichokitoa pamoja mwaka 1983. Hoja yake ni kali: harakati zilizojinasibu kwa udada zilimwona mwanamke mzee kuwa mama tu, mtu wa kuwahudumia wengine, wala si mpiganaji mwenzao. Mwaka 1985 aliifikisha hoja hiyo mbele ya wanataaluma wa masomo ya wanawake nchini mwake. Fikra zake zilichangia kuzaliwa kwa shirika la Old Lesbians Organizing for Change, lililochipuka kutokana na mikutano ya California ya 1987 na 1989. Shirika hilo liliweka miaka 60 kuwa umri wa kujiunga, likashikilia kuitwa la wazee waziwazi, bila tafsida.

Tafsida hiyo ndiyo inayomkabili mfasiri wa Kiswahili. Kwetu 'mzee' ni taji, lakini taji hilo huvikwa mwanamume kwanza. Mwanamke husalia na 'ajuza', 'kikongwe' au 'kizee', maneno yanayomdunisha. Katika hekaya zetu, kibibi kizee hupeleka salamu za wapendanao au humfumbulia shujaa siri. Akishamaliza kazi hiyo, hadithi humwacha njiani. Hatuambiwi kamwe yeye mwenyewe alimpenda nani.

Huenda msomaji akajibu kwamba dawa tunayo: kila mwanamke mzee kwetu ni mama, bibi au nyanya. Heshima hiyo ni ya kweli, na kwa wengi ndiyo chakula na makazi. Hata hivyo, humfikia mtu kwa kupitia uzao. Yule ambaye hakuolewa wala kuzaa, akaishi miaka mingi na mwanamke mwenzake, huitwa bibi wa wajukuu asio nao. Naye mwenziwe hukosa jina kabisa. Neno 'msagaji' humtaja kwa tendo na kwa dharau. Halisemi ni nani aliyemwuguza nani, wala ni nani atakayefiwa.

Kwa sababu hiyo, ninapomfundisha Macdonald husema 'wanawake wazee wapendao wanawake'. Ni istilahi ndefu, na wanafunzi hulalamika. Lakini haifichi umri wala mapenzi, na humwacha mhusika awe mtu kamili kabla hajawa jamaa wa mtu mwingine. Uhakiki wetu umekwisha kumpa mwanamke kijana sauti. Sasa na umwulize mwanamke mzee mwenyewe, naye ajibu.