Chungu cha Njiani: Habari za Tabora na Njia ya Misafara

Mtu akitaja njia kuu ya zamani iliyotoka Bagamoyo kwenda Tabora na Ujiji, mara moja twafikiri habari za pembe za ndovu, bunduki, bendera na ngoma. Wengine hufikiri minyororo ya watumwa, na ni haki wafikiri hivyo, kwa maana njia hiyo ilibeba machozi mengi. Lakini jambo moja husahauliwa na watu karibu wote, nalo ni hili: wasafiri wale walikula nini? Msafara ulikuwa na watu mia kadha, pengine hata kupita elfu, wote wakienda kwa miguu kwa muda wa miezi mitatu au zaidi, na kila jioni kila tumbo lilitaka haki yake. Leo twapenda kueleza habari za chakula cha njiani, tangu zamani za wapagazi hata siku hizi za mabasi, maana tukiijua habari hiyo tutajua ni nani hasa aliyeifanya njia ile iwe njia.

Mpagazi wa Kinyamwezi alichukua mzigo wa frasila mbili, yaani karibu kilo 32, na pamoja na mzigo huo alikuwa na mkeka wake, silaha yake na vyombo vyake vya kupikia. Mtu huyu hakuweza kujitwika tena unga wa miezi mitatu. Basi ilikuwa lazima chakula kinunuliwe njiani, kijiji kwa kijiji. Mwenye msafara aliwapa watu wake posho, na desturi ilikuwa kibaba kimoja cha nafaka kwa mtu mmoja kwa siku. Au kama hapana nafaka mkononi, aliwapa nguo au ushanga wakanunue wenyewe. Nguo ilipimwa kwa mikono: mikono minne ni shuka, mikono minane ni doti. Katikati ya karne ya 19 nguo iliyopendwa kupita zote ilikuwa merikani, nayo iliitwa hivyo kwa sababu ilifumwa Marekani, katika viwanda vya Massachusetts, ikaletwa Unguja kwa merikebu za mji wa Salem. Ushanga nao ulikuwa na mambo yake: rangi iliyopendwa hapa ilikataliwa kule, na msafiri asiyeuliza kwanza aliweza kulala na njaa huku amebeba mizigo ya shanga.

Wapagazi hawakula kila mtu peke yake. Walijigawa katika vikundi vidogo, kila kikundi na chungu chake. Walipotua, huyu alikata miti ya kujengea kibanda, huyu alitafuta kuni, huyu alikwenda kisimani, na mwingine alisonga ugali wa mtama au wa uwele. Wengi walifuatana na wake zao, nao wanawake hao walichukua vyungu na unga, wakapika baada ya mwendo ule ule waliokwenda waume zao. Katika vitabu vya wasafiri wa Ulaya wanawake hao hutajwa kwa nadra, na majina yao hayakuandikwa. Bali bila wao hapana mzigo hata mmoja ambao ungalifika pwani.

Si kila mahali palipokuwa na chakula. Baada ya Mpwapwa palikuwa na Marenga Mkali, nchi isiyo na maji mazuri. Hapo wasafiri walifanya mwendo ulioitwa terekeza: walipika na kula adhuhuri, wakajaza vibuyu, wakaondoka jua likipunguza ukali, wakalala porini bila maji, na asubuhi wakaendelea mpaka kisima cha mbele. Kisha wakaingia Ugogo. Wagogo walikuwa wenye visima, tena wenye nafaka, mbuzi, maziwa na asali; kwa hiyo watemi wao walidai hongo, yaani kodi ya kupita, nayo ililipwa kwa nguo. Wasafiri walinung'unika sana juu ya hongo hiyo. Lakini tukifikiri kwa haki twaona kwamba msafara wa watu elfu ukinywa katika kisima wakati wa kiangazi, wenyeji na ng'ombe wao huachiwa matope. Je, mwenye kisima asidai neno?

Mbele ya Ugogo lilikuwapo pori la Mgunda Mkali, lililoogopwa na wote. Hapo zamani za kwanza palikuwa safari ya siku nyingi bila kijiji. Wakimbu ndio walioanza kufyeka pori lile na kufanya makao na mashamba, na pale Jiwe la Mkoa wasafiri wakaweza kununua nafaka. Richard Burton, Mwingereza aliyepita mwaka 1857, aliona jinsi pori lile lilivyokuwa limeanza kupungua. Tutazame sana jambo hili: si askari wala matajiri walioushinda Mgunda Mkali, bali ni wakulima waliokwenda na majembe wakapanda mtama kando ya njia, kwa kuwa walijua kwamba mwenye njaa atapita.

Tura ndipo palipokuwa mlango wa Unyamwezi, na kutoka hapo mambo yalibadilika. Msafiri aliingia vijijini, akaona iwanza, nyumba ya wanaume ya kuzungumzia, ambamo mgeni aliweza kuketi, kupumzika na kusikia habari. Hata akafika Unyanyembe, mahali Waarabu walipojenga makao yao yaliyoitwa Kazeh, ambapo leo ni Tabora. Burton na mwenziwe Speke walifika huko tarehe 7 Novemba 1857, baada ya siku 134 za njia. Walikuta mashamba ya mpunga, vitunguu, matunda na mifugo. Chakula kilikuwa kingi hata wasafiri walikaa wiki nyingi kutengeneza nguvu zao. Dr. Livingstone naye alikaa Kwihara, karibu na Tabora, tangu Februari hata Agosti mwaka 1872, akingojea wapagazi. Mji ule ulikuwa njia panda: kwenda Ujiji, kwenda Karagwe na Buganda, kwenda kusini hata Ufipa. Nao uliweza kuwa njia panda kwa sababu wakulima wa Unyamwezi, wake kwa waume, walivuna kuliko walivyokula.

Lakini chungu cha njiani ni kitu chepesi kuvunjika. Mwaka 1871 vita vilipozuka baina ya Mirambo na Waarabu wa Tabora, njia ya Ujiji ilifungwa, mashamba yakaachwa, na bei za vyakula zikapanda. Tena mtu akiiacha njia ya masoko aliona taabu mara moja. Stanley aliondoka Bagamoyo Novemba 1874 pamoja na watu waliopita 300. Baada ya Ugogo aliiacha njia ya Tabora akashika kaskazini. Wakapotea porini bila chakula, na baadhi ya watu wake wakafa. Ikawa kupikia uji katika sanduku la chuma la nguo, ili kila mtu apate vikombe viwili vitatu. Bunduki zao zilikuwa nyingi, bali bunduki haisongi ugali.

Njia ile imekufa, lakini imetuachia maneno. Posho, iliyokuwa kibaba cha mpagazi, leo ni fedha anayolipwa mtu aliye safarini kwa kazi au mkutanoni. Na kwa jirani zetu wa Uganda posho ni ugali wenyewe. Hongo, iliyokuwa kodi iliyotolewa mbele ya watu wote, sasa ni rushwa itolewayo kwa siri. Kibaba twakikumbuka katika methali, haba na haba. Walimu wetu wataona ya kuwa maneno haya matatu yatosha kufundishia somo zima la historia darasani.

Kisha ikaja reli. Wajerumani walianza kuijenga kutoka Dar es Salaam mwaka 1905. Ikafika Tabora mwaka 1912, na Kigoma mwaka 1914. Safari ya miezi mitatu ikawa ya siku mbili tatu. Bagamoyo ikapoa, na vijiji vingi vilivyouza nafaka kwa misafara vikabaki kimya, maana mteja wao hakupita tena. Lakini wenye kupika hawakukubali kufa na njia. Walijitwika ungo wakaifuata reli. Kwa miaka mingi abiria wa treni wamenunua chakula dirishani katika stesheni kama Saranda, Itigi, Urambo na Kaliua: kuku, mayai ya kuchemsha, mahindi, maembe na asali. Treni husimama muda mfupi. Mama huinua sinia juu ya kichwa chake, mkono hutoka dirishani, fedha hushuka, chakula hupanda, na chenji hurudishwa mbio huku magurudumu yameanza kuzunguka. Ni nadra kusikia mama amekimbia na chenji ya mtu. Tumesikia zaidi habari za abiria waliochukua chakula na treni ikaondoka kabla hawajalipa.

Habari kama hizi haziko kwetu tu. Huko Marekani, ilikotoka merikani, mtu mmoja jina lake Walter Scott alianza mwaka 1872, mwaka ule ule Livingstone alipongojea Kwihara, kuuza chakula usiku katika gari la farasi mjini Providence. Wateja wake walikuwa wafanya kazi wa magazeti, waliotoka kazini wakati mahali pengine pa kula pamefungwa. Baadaye magari kama hayo yalitengenezwa viwandani, hasa Worcester katika Massachusetts, yakawa marefu kama behewa la treni, yakawekwa imara kando ya barabara. Dereva wa lori na karani waliketi bega kwa bega mbele ya meza moja ndefu, wakaona chakula chao kikikaangwa mbele ya macho yao. Kisha, kwa sheria ya mwaka 1956, zikajengwa barabara kubwa zisizopita katikati ya miji. Wasafiri wakapita mbali kwa kasi, na mikahawa mingi ya barabara za zamani ikafunga milango. Hata ile barabara mashuhuri namba 66, iliyotoka Chicago hata California, ilifutwa katika orodha mwaka 1985. Basi yaliyowapata watu wa Jiwe la Mkoa yaliwapata na wale.

Na sisi leo twaona mambo yayo hayo. Ukifika Tabora utamwona mama lishe, ambaye wengine humwita mama ntilie, kwa neno la mteja mwenye haraka asemaye, "Mama, nitilie." Ameamka kabla ya jogoo. Ana masufuria yake, benchi na turubai. Atakupa ugali na maharage, wali, au dagaa na migebuka kutoka Kigoma; na kwa majira yake utapata matobolwa, viazi vitamu vilivyochemshwa vikakaushwa, na nsansa, majani ya kunde yaliyokaushwa, vyakula ambavyo Wanyamwezi wamevitumia tangu zamani kuvuka kiangazi. Kwa fedha ya kazi hiyo watoto wengi wamelipiwa daftari na sare.

Lakini njia inahama tena. Barabara za lami zimefika Tabora, na mabasi yapita kwa kasi. Tangu miaka ya 1990 mabasi ya mbali yalikatazwa kusafiri usiku, na wasafiri walilala na kula njiani; mwaka 2023 ruhusa ya usiku ilirudishwa, na sasa basi laweza kupita mji wakati masufuria yamekwisha kuoshwa. Mabasi mengine husimama mahali pamoja tu, penye mkahawa mkubwa uliopatana na wenye basi, na abiria hana la kuchagua. Treni mpya ya umeme ilianza kazi mwaka 2024 kutoka Dar es Salaam hata Dodoma. Madirisha yake hayafunguliwi kwa sinia la mtu. Hatusemi kwamba mambo haya ni mabaya. Mgonjwa hufika hospitali upesi, na mkulima hupeleka mazao yake sokoni kabla hayajaoza. Nani atake kurudi kwenye terekeza? Lakini twasema kwamba mwendo wa upesi una gharama yake, nayo mara nyingi hulipwa na yule aliyesimama kando ya njia, si na yule aliye garini.

Wazee walinena, "Mgeni njoo, mwenyeji apone." Methali hiyo haina nguvu ikiwa mgeni apita bila kusimama, wala ikiwa asimama akala na kumdharau aliyempikia. Kwa hiyo, wenye mamlaka ya miji wanapopanga stesheni na vituo vipya, yafaa watenge mahali penye maji safi, choo na kivuli kwa ajili ya wapishi wadogo, wala wasiwafukuze kama nzi. Wenye mabasi wasiyauze matumbo ya abiria wao. Nasi tusafiripo na watoto wetu, tulipe kwanza ndipo tule, tusipunje bei ya sahani kwa mtu ambaye faida yake ni shilingi chache, na kabla ya kuondoka tuseme ahsante. Na walimu wawatume wanafunzi wao kwa bibi zao, wakaulize: zamani wasafiri walipopita kwetu, ni nani aliyewapikia? Waandike jina. Majina ya wenye misafara tunayo tele vitabuni. Ya wenye vyungu hayajaandikwa bado.