Ushahidi Usizikwe Pamoja na Mashahidi

Tunapotaja haki za binadamu, fikra zetu hukimbilia mahakama na wanasheria. Ni nadra kumfikiria mtu mwenye kamera. Mmoja wao ni Rithy Panh, mtengeneza filamu wa Kambodia.

Panh alizaliwa Phnom Penh mwaka 1964. Aprili 1975 Khmer Rouge waliuteka mji huo na kuwahamishia wakazi wake mashambani kwa nguvu. Kwa muda usiotimia miaka minne, watu kati ya milioni 1.5 na milioni 2 walikufa kwa njaa, maradhi, kazi za suluba na mauaji. Wazazi wake walikuwa miongoni mwao. Mwaka 1979 alikimbilia Thailand, kisha Ufaransa, alikosomea filamu.

Katika filamu yake kuhusu gereza la S-21, iliyotoka mwaka 2003, aliwarejesha walinzi wa zamani mahali pale pale walipofanya kazi. Hakuwatukana, aliwaomba waonyeshe walivyokuwa wakifanya. Mlinzi mmoja akapita vyumbani, akiwakemea wafungwa wasiokuwepo tena. Ndimi zilikuwa zimetoa udhuru wa kuamrishwa, lakini viungo vikatoa ushahidi. Msomaji wa Suratu Yasin hatashindwa kuuona uzito wa jambo hilo.

Filamu yake ya mwaka 2013 ilikabili tatizo jingine. Watawala wale walipiga picha za kujisifu, wala hawakupiga za mateso ya raia. Panh akatumia sanamu ndogo za udongo kuwasimamisha upya jamaa zake mbele ya watazamaji.

Dhuluma hiyo iliwagusa pia ndugu zetu katika imani. Wacham, Waislamu wa Kambodia, walifungiwa misikiti, misahafu yao ikachomwa, wakalazimishwa kula nguruwe, na wengi wakauawa. Hukumu ilichelewa mno: ni mwaka 2018 tu ndipo mahakama iliyoungwa mkono na Umoja wa Mataifa ilipomtia hatiani Nuon Chea kwa mauaji ya kimbari dhidi yao. Baada ya takriban miaka arobaini, mashahidi wangapi walikuwa wamekwisha kufa?

Swali hilo linatuhusu. Sisi tunaotunza vitabu vya mihtasari ya misikiti tunajua kwamba humo mna hesabu za mabati na saruji, lakini hamna alichokiona mzee wetu katika ujana wake. Kila tunapotoka makaburini, tunarudi tukiwa tumezika na habari ambazo hakuna aliyeziuliza.

Panh alishiriki kuanzisha kituo cha Bophana mjini Phnom Penh, ambako wananchi hutazama kumbukumbu za nchi yao. Sisi hatuhitaji kuanza na jengo. Kijana na akae na bibi yake, amuulize kwa adabu, amrekodi kwa simu, aandike jina na tarehe. Asichague ya fahari tu; ayapokee na yanayotuumiza, hata yale tuliyowatendea wengine. Ushahidi wa kweli haumpendelei hata jamaa wa karibu.