Leopoldo Trieste, Mchezaji wa Sehemu Ndogo

Watu wakizungumza habari za senema ya Italia ya baada ya vita, huwataja wakubwa: De Sica, Fellini, Sophia Loren. Mimi nataka kuwaandikia habari za mtu ambaye jina lake hutokea chini katika orodha, wakati watazamaji wamekwisha kuinuka vitini. Labda ni kwa sababu ya kazi yangu, maana karani wa parokia huandika majina yote kwa wino ule ule.

Aliitwa Leopoldo Trieste. Alizaliwa mwaka 1917 huko Reggio Calabria, kusini kabisa mwa Italia, mji unaotazamana na kisiwa cha Sisilia. Yeye alitaka kuwa mwandishi, na baada ya vita alitunga michezo ya kuigiza. Lakini Fellini, alipokuwa akitengeneza picha yake “Lo sceicco bianco” ya mwaka 1952, alimtazama usoni akamtaka acheze. Uso wenyewe ulikuwa wa ajabu: macho ya mviringo yaliyotoka nje kama ya mtu aliyepokea barua ya deni.

Katika picha hiyo yeye ni bwana arusi kutoka mji mdogo. Amemleta mkewe Roma, na kila saa amekwisha kuipangia kazi yake. Kubwa kuliko zote ni kwenda pamoja na jamaa zake kumwona Baba Mtakatifu. Kumbe bibi arusi ametoroka kumtafuta shujaa wa hadithi za picha anazozisoma magazetini! Maskini yule bwana anawaambia jamaa zake kwamba mkewe ni mgonjwa, huku jasho linamtoka. Tunacheka, lakini tunamhurumia pia, kwani ni nani asiyejua aibu ya mbele ya wakwe na wajomba?

Mwaka uliofuata, katika “I vitelloni”, Fellini alimpa sehemu iliyo karibu mno na maisha yake. Anaitwa Leopoldo, jina lake mwenyewe, naye ni kijana wa mjini mdogo anayetunga mchezo usiku kucha, kisha anamsomea mchezaji mzee mashuhuri. Matumaini yake yanaishia gizani pwani, naye anakimbia kwa hofu. Nilipoiona nilijiuliza: mtu aliyetamani kweli kuwa mtunzi alijisikiaje kuicheza ndoto yake mwenyewe ili watu waicheke? Kalamu hakuitupa mara moja, kwa maana mwaka 1958 na 1960 alitengeneza picha mbili zake mwenyewe. Lakini watu waliendelea kumtaka kwa ajili ya uso wake.

Naye akautumia vizuri. Katika “Sedotta e abbandonata” ya Pietro Germi, mwaka 1964, ni baroni wa Sisilia aliyefilisika, hana hata meno. Kwa sehemu hiyo alipewa zawadi ya Utepe wa Fedha ya mchezaji msaidizi.

Mwaka 1974 Wamarekani walimchukua katika sehemu ya pili ya “The Godfather”. (Picha hiyo ina damu nyingi, watoto wasiitazame.) Yeye ni mwenye nyumba anayetaka kumfukuza mjane. Akiisha kusikia ni nani aliyemwombea mama huyo, anakuja mbio, anapunguza kodi dola 5, kisha dola 10, na wakati wa kutoka hawezi hata kuufungua mlango. Ni dakika chache tu. Hata hivyo, kwa hofu ya mtu huyu mmoja, twajua jinsi mtaa mzima unavyomwogopa yule kijana, naye hajainua hata mkono.

Miaka kumi na minne baadaye, katika “Nuovo Cinema Paradiso”, alikuwa padre wa kijiji cha Sisilia. Padre huyo huitazama kila picha peke yake kabla ya wanakijiji, na wakibusiana tu, anapiga kengele ili kipande hicho kikatwe. Mchezaji mwingine angemfanya padre huyo kuwa mkali au mpumbavu. Trieste anampiga kengele mkononi kwa bidii na mahangaiko, kama baba anayelinda nyumba yenye watoto wengi, nasi twacheka bila ya kumdharau.

Mwaka 1996, akikaribia umri wa miaka 79, alipewa zawadi ya David di Donatello, nayo pia ya mchezaji msaidizi. Alifariki Roma mwezi wa Januari mwaka 2003. Atakayepata nafasi ya kuona picha moja tu katika hizi, na aanze na ile ya padre na kengele.