Ahadi ya Kazi ni Deni



Hapa Tawa, kaunti ya Makueni, nina jirani, binti aliyefundisha sekondari msingi kama mwanagenzi tangu 2023. Posho ya wanagenzi ilikuwa shilingi 20,000 kwa mwezi kabla ya makato, ilhali vipindi vyao ni vilevile vya wenye ajira ya kudumu.

Aprili 2024, Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi iliamua kwamba Tume ya Huduma kwa Walimu haina mamlaka ya kuajiri wanagenzi. Tume ikakata rufaa. Mei, walimu wakagoma. Hatimaye fedha zilitengwa, na walimu wapatao 46,000 wakaingizwa katika ajira ya kudumu Januari 2025.

Nilipokwenda kuwapongeza, mama wa binti alishusha pumzi. "Sheikh," akaniambia, "sasa tutawajibu wenye posa." Kumbe nyumba nzima ilikuwa ikiingojea barua ile.

Lakini tusiishie kuinyoshea serikali kidole. Ustadhi wa madrasa yetu ana mkataba gani? Msaidizi wa nyumbani je, ujira wake umeandikwa wapi? Aya ya 282 ya Suratul Baqara, iliyo ndefu kuliko zote katika Qur'ani, inatuagiza kuandika deni na kuweka mashahidi. Nao ujira uliokwisha kufanyiwa kazi ni deni. Basi tuandike kiasi, siku ya malipo na muda wa majaribio, kisha pande zote mbili zitie sahihi.

Mwenyezi Mungu atujaalie uadilifu. Amin.