Uhai wa Nani? Kumbukumbu za Mwalimu wa Wachumba Tarime

Nilianza kufundisha wachumba mwaka 1977. Nilikuwa mwalimu wa shule ya msingi Tarime, nimefunga ndoa kanisani, nasoma kwa sauti bila kukwama, na kwa paroko wetu hizo zilikuwa sifa za kutosha. "Mwalimu, wachumba ni wako," akaniambia, akanikabidhi kijitabu cha maswali na majibu. Ndoa ni nini? Nani wanaweza kufunga ndoa? Wachumba waliyakariri majibu vizuri sana, kisha wakarudi nyumbani wakaoana kwa namna waliyoikuta.

Namna hiyo haikuwa ya siku moja. Kwetu Wakurya ndoa ilikwenda kwa mwendo wa ng'ombe. Wanatangulia wachache, binti anahamia, mtoto anazaliwa, wengine wanaletwa mwaka wa mavuno mazuri. Mmoja anakufa kwa ndigana, mwingine anaibwa usiku na kuvushwa mpaka wa Kenya, wazee wanakaa kuamua nani alipe. Wakati huo wote hakuna mtu kijijini anayeuliza kama hawa wameoana au la. Wanajua bado wanaendelea kuoana. Kanisa lilitaka siku moja, padri na mashahidi wawili. Ndiyo maana siku za Jumapili waliokwenda kukomunika walikuwa watoto na wajane, na watu wazima wenye nguvu zao, waliobatizwa na kulea vizuri, walibaki kwenye mabenchi kwa sababu ndoa zao "hazijabarikiwa".

Sikujua kwamba mwaka huohuo wa 1977 kilichapishwa kitabu kilichozungumza habari zetu. Kinaitwa African Christian Marriage, na kiliandikwa na mapadri watatu: Aylward Shorter, Mwingereza wa shirika la White Fathers, Benezeri Kisembo wa Uganda, na Laurenti Magesa wa jimbo letu la Musoma, aliyezaliwa 1946. Kwa hiyo mmoja wa waandishi alikuwa kijana wa hukuhuku Mara. Nilikisikia baadaye sana, kwenye semina Makoko, Musoma, ambapo sista mmoja alikuwa akikisoma kwa Kiingereza na kututafsiria papo hapo. Nakumbuka makatekista wazee walivyoacha kusinzia. Humo kulikuwa na mahari, ndoa za mila, wake wengi, na swali la kwa nini Wakristo wa Afrika wanazidi kukaa mbali na ndoa ya kanisani. Tulizoea kusikia mambo hayo yakitajwa kama dhambi. Hapa yalitajwa kama mambo yenye sababu.

Wazo la ndoa ya hatua kwa hatua lilifika hata Roma. Baadhi ya maaskofu wa Afrika walilizungumza kwenye Sinodi ya familia ya 1980. Hati ya Papa iliyofuata Novemba 1981, Familiaris Consortio, haikufungua mlango huo. Sisi vigangoni tulijua tu kwamba mambo yamebaki yalivyo.

Miaka hiyohiyo, kuanzia 1979 hadi 1984, Yohane Paulo wa Pili alikuwa akitoa katekesi zake za Jumatano juu ya mwili wa binadamu, ambazo leo vijana wanaita teolojia ya mwili. Zilitufikia kwa vipande, miaka mingi baadaye. Nilizipenda. Kumwambia kijana wa Kikurya wa miaka ile kwamba mwili wa mkewe ni zawadi, wala si mali iliyolipiwa, halikuwa jambo dogo. Lakini mafundisho yale yalianza na watu wawili peke yao bustanini, na mimi katika maisha yangu yote sijawahi kuona wachumba walio peke yao. Nyuma ya kila binti niliyemfundisha walikuwapo kaka wanaosubiri ng'ombe wake ili nao waoe, na nyuma ya kila kijana kulikuwa na baba mwenye zizi.

Magesa alianzia kwenye boma lililojaa watu. Alikwenda kusoma, akafundisha seminari ya Kipalapala, Tabora, kisha vyuo vya Kanisa Nairobi, akafika mbali kwa jina. Mwaka 1997 alitoa kitabu chake kikubwa, African Religion: The Moral Traditions of Abundant Life. Nikikisema kwa kifupi kama nilivyokielewa, ni hivi: kwa Mwafrika, jema ni lile linaloongeza uhai na kuunganisha watu, na baya ni lile linalopunguza uhai. Ndoa, uzazi, jando, mahari, kurithi wajane, vyote vipimwe hapo. Watoto, walio hai na waliokufa wote wamo ndani ya hesabu hiyo. Nilipoelezwa nilisema moyoni, huyu ametusikiliza.

Kipimo hicho kilinisaidia kuwaelewa watu ambao kijitabu changu hakikuwa na nafasi yao. Palikuwa na mzee mmoja mwenye wake watatu aliyetaka ubatizo. Sheria ya Kanisa ya 1983 inamruhusu mtu kama huyo kubaki na mke mmoja, na kama ni vigumu kwake kubaki na wa kwanza, achague mwingine. Wale wengine watunzwe kwa haki. Nilimweleza. Akaniuliza, "Mwanangu, wewe ungekuwa wa tatu, ungetaka nikutunze ukiwa nani kwangu?" Sikuwa na jibu la kumpa. Alikaa mkatekumeni miaka na miaka. Alipougua sana akabatizwa kitandani, wake zake wote wakiwa chumbani.

Sasa niseme pale ambapo kipimo kile kilinisumbua.

Nilipohamishiwa Serengeti, ng'ambo ya Mto Mara, nilimfahamu mama mmoja mjane wa Kikurya, Mkristo mwenye moyo, asiye na mtoto wa kiume. Alikuwa ameoa. Wasio wa kwetu hushangaa: nyumba ntobhu ni mwanamke kumtolea mahari mwanamke mwingine ili amzalie watoto wa kuendeleza nyumba yake. Hakuna mapenzi ya kimwili kati yao, na Sheria ya Ndoa ya 1971, inayosema ndoa ni ya mwanamume na mwanamke, haiitambui. Kwa hesabu ya uhai, mama yule alikuwa ameokoa nyumba. Jina halikufa, zizi halikuchukuliwa na mashemeji, na uzeeni alikuwa na wa kumtekea maji.

Lakini yule mke wake alikuwa binti mdogo. Alitoka kwenye familia maskini, ng'ombe wake wakamwoza kaka yake, na wanaume waliokuja kwake usiku hakuwachagua kila mara. Watoto hawakuwa na baba wa kuitwa shuleni. Nilimwuliza siku moja kama ana furaha. Akajibu, "Mwalimu, hapa nakula." Uhai uliongezeka, ndiyo. Uhai wa nani?

Swali hilohilo nililipeleka kwenye kisu. Mimi nimepitia saro, yaani tohara ya wasichana wa Kikurya, kama mabinti wote wa rika langu. Najua inavyofanya mtu ajione amezaliwa upya katika ukoo. Anayesema ni ukatili tupu hajui kwa nini mabinti wenyewe waliililia. Ila nimeshuhudia damu isiyokatika, na wanawake waliochanika wakati wa kujifungua. Sheria ya 1998 ya makosa ya kujamiiana iliwakinga wasichana walio chini ya miaka 18, na ngariba wakaendelea kila likizo ya Desemba ya mwaka unaogawanyika kwa mbili. Kilichowatikisa wazee wa mila ni pale binti alipokuwa na mahali pa kukimbilia: Masanga huku Tarime, kwenye kituo cha Kanisa Katoliki, na Mugumu, ambako Waanglikana wa Dayosisi ya Mara walifungua nyumba salama mwaka 2014. Binti anayekimbia usiku ili asikatwe amefanya teolojia ya mwili kwa miguu yake, na sijasoma iliyo bora kuliko hiyo.

Padri Magesa alifariki Agosti 2022. Naamini ndiye mwanateolojia mkubwa kuliko wote waliotoka Mara, na kosa la wengi waliomsoma ni kudhani kwamba akisema mila ina sababu, basi mila imeshinda kesi. Mwaka uliofuata Sinodi ya Roma iliwaomba maaskofu wa Afrika walitafakari upya suala la ndoa za wake wengi. Katika kazi hiyo, nawaomba wasiishie kwa wazee na maprofesa. Wawaulize wake wa pili na wa tatu, na mabinti walioolewa na nyumba. Wapo Tarime, wapo Serengeti, wengi wamebatizwa, na Kiswahili wanakijua.